Daftari la Waliohudhuria

Kazi yangu ni mistari. Napiga rula:
Jina, Kitambulisho, Simu, Sahihi.
Safu nne, watu thelathini kila ukurasa,
na kalamu nimeifunga uzi mezani
maana kalamu za serikali zina miguu.

Saa nne tulishuka Kizingitini, boti ya kaunti,
afisa wa mipango na laptopu kifuani kama mwana wa pekee,
mimi na katoni tatu za soda.
Rasimu ya bajeti ilikuwa kurasa mia mbili na kumi,
nakala moja, kwa Kiingereza,
imetoka mashineni alfajiri, bado ina joto la mkate.
"Wananchi, tuna dakika arubaini," akasema afisa,
"leo ni siku yenu."

Mstari wa jabia naujua kwa moyo.
Nimeuchapa miaka minne kwa vidole hivi.
Mwaka wa kwanza: ujenzi.
Wa pili: ukarabati wa lililojengwa.
Wa tatu: upanuzi, kutokana na ongezeko la watu.
Mwaka huu: uzio, na mlinzi wa usiku.
Jabia limekulia kwenye karatasi kama mtoto wa tajiri,
halijaumwa hata mafua.
Nje ya ukumbi, lile la mababu, la chokaa,
limepasuka kitako; mvua ikiingia huku inatokea huku,
na mtungi wa kununua ni shilingi ishirini,
siku ya shida thelathini.

Walipiga foleni. Walitia sahihi. Sikuwalaumu:
safu ya nne ndiyo inayofungua bahasha ya nauli,
na mia tano ni mia tano.
Vijana walisaini kwa madoido, wazee kwa gumba,
kidole kidogo kikitazama pembeni,
kile kilichochovywa wino wa kura mwezi wa Agosti
na hakijaulizwa neno tangu hapo.

Kisha akaja Somoe Vae.
Alikaa mbele tangu mwanzo, soda hakuigusa.
"Hapa nikitia mkono, nimesema nini?"
Nikamwambia, umesema umekuja.
"Na huko Amu wataandika nimesema nini?"
Nikaitazama rula yangu.

Akaandika, herufi kubwa kubwa za ngumbaru,
polepole, foleni nyuma yake ikiguna:
NIMEKUYA. SIKUKUBALI. MAI YAKO WAPI
Sentensi ikatoka kisandukuni, ikavuka mpaka,
ikaingia kwa jirani yake, Kupi Athman,
ambaye hakuiomba, wala hakuifuta.
Bahasha akaiacha mezani.

Ofisini nikaagizwa nichape orodha upya, iwe safi.
Waliohudhuria: 112. Walioridhia: 112.
Kompyuta haina safu ya mai.
Hicho ndicho Kiambatisho cha Tatu,
ndicho kilichokwenda bunge la kaunti
kikapigiwa "ndiyo" kabla ya chakula cha mchana.

Mimi si shujaa. Mkataba wangu ni wa miezi sita sita,
nina karo ya mtoto na kodi ya chumba Langoni.
Nilichofanya ni kidogo: ukurasa ule, wenyewe,
na duara la chupa ya soda pembeni,
niliupitisha kwenye skana, nikauweka nyuma ya faili,
baada ya muhuri, pale asiposoma mtu
ila mkaguzi wa hesabu, akija,
na akiwa na subira.

Juzi akapiga simu. Nambari yangu kaipata wapi, sijui.
"Lile neno langu limefika?"
Limefika, bibi.
"Limesomwa?"

Nikasema mtandao unasumbua, sikusikii vyema.
Mtandao ulikuwa safi. Nilisikia hata ndoo
upande wa pili, ikiwekwa chini,
na mlio wake.