Kaa, Nyigu na Mtu wa Tope

Hilal ana daftari, la hesabu, lenye miraba,
nadhani la shule,
na humo amewapanga mabosi watatu wa mwanzo
kwa idadi ya mioyo, kwa kasi, kwa uchungu wa pigo.
Nyigu Malkia kampa tisa juu ya kumi.
Mtu wa Tope, saba na nusu.
Kaa, tazama dharau ya mtoto, kampa mbili.

Mbili!
Nimeweka kikombe chini.
Nje inanyunya mvua ya Northampton,
isiyonyesha wala kukoma,
na Kacper wa nyumba ya pili amekaa zuliani,
soksi moja nyeusi, moja ya Krismasi,
anasema na mdomo umejaa biskuti
kwamba Tope ndiye mgumu,
kwani ukimkata anakuwa wawili,
ukiwakata wawili wanakuwa wanne,
na upanga wako ni ule ule mmoja.
Hoja hiyo ina uzito.
Mimi huokota bahasha za kahawia mlangoni,
najua mambo yanavyozaana.

Nyigu nakubali ni balaa.
Yule hatui. Unajenga jukwaa la mbao juu ya kinamasi,
unapanga mienge, unakunywa dawa ya ngozi ngumu,
naye anakujia ubavuni, pale ambapo hukujenga.
Jumamosi ile tulimfikisha kwenye uzi wa mwisho wa uhai,
uzi mwekundu, mwembamba kama ufizi wa kichanga,
Sabra anapiga kelele, "Baba ruka! Ruka!"
Pah. Giza.
Si yeye. Mita.
Tulikuwa tumekwisha kula hata zile pauni za dharura.
Nikatembea na ufunguo wa umeme hadi dukani kwa Bwana Sivakumar,
nikarudi na mwanga wa pauni kumi,
tukamkuta Nyigu amejaa uhai tele
na sisi tuko kitandani, kule mwanzo, mikono mitupu.
Kwa hiyo tisa, sawa. Sibishani na tisa.

Lakini Kaa, mwanangu.
Wewe unampima Kaa kwa upanga ulio nao leo.
Usiku ule tulikuwa na mioyo mitatu na rungu la mti,
hatukujua kwamba jua la humo linatua,
hatukujua kwamba kitanda hutengenezwa,
tulikuwa tunachimba mchanga tukitafuta makaa
na jiwe likafumbua macho.
Hatukujua kama anapigwa au anakimbiwa.
Ukanikabidhi kidhibiti, ukanambia, "Wewe ndiye mkubwa,"
nami sikijui hata kitufe cha kuruka.
Mara kumi na nne tulikufa. Nilihesabu.
Ya kumi na tano akakwama kwenye shimo letu wenyewe,
tukapiga tumbo, tukapiga tumbo,
mpaka mama yako akashuka ngazi na mwavuli
akidhani kuna mwizi.

Hilal anafuta mbili, anaandika tatu.
Kwa heshima ya umri wangu, anasema.

Basi Alhamisi nimetoka ghalani saa kumi na mbili alfajiri,
nyayo zinawaka, wote wamelala.
Nikawasha. Sauti chini.
Nikavaa deraya ya fedha, nikashika upanga wa radi,
nikarudi ufukwe ule ule, nikamwita.
Akainuka na mchanga wake mgongoni, na lile gando,
na ule muziki wa ngoma mbili uliokuwa ukinikausha mate.
Mapigo mawili.
Hakuwahi hata kulifunua gando.
Zikadondoka sarafu sita na gamba.

Nilikaa.
Kisha nikachimba pale alipoangukia, matofali mawili kwenda chini,
nikaliweka gamba, nikafukia,
nikachomeka mwenge.

"Nani kaweka mwenge huku?" anauliza Hilal jioni.
"Huku hakuna kitu."
Kacper anaapa si yeye.
Mimi nakoroga chai, sukari ilishayeyuka zamani.