Dakika Kumi na Moja

Taa nyekundu ilizimika dakika ya sitini na tatu.
Mimi ndiye niliyeiona. Kazi yangu ni kuitazama;
mengine yote ya Uwanja wa Ushirika
nayapata kwa masikio, kama wewe uliye nyumbani.

Kweka hakuiona. Alikuwa amesimama,
goti moja juu ya kiti cha shule tulichoazima,
shingo mbele kama jogoo anayetafuta ugomvi,
na Bomambuzi, timu yetu ya madeni na magoti mabovu,
walikuwa wanapanda upande wa kulia.

Nikagusa waya. Nikaupuliza.
Nikabadili fyuzi, vidole vinatetemeka.
Nikampigia mtu wa mnara: inaita, inaita.
Mfinanga, mchambuzi wetu, mzee wa takwimu,
akanitazama juu ya miwani.
Nikamwonyesha taa kwa kidevu.
Akafunga daftari lake, akanyamaza,
yeye asiyenyamaza hata msibani.

Ningemgusa Kweka bega.
Ningesema, kaka, kaa unywe maji, hatuko hewani.
Lakini siku ile alikuwa anasema
kama mtu aliyefunguliwa mlango.

*Ndosi anaupokea. Haupigi.
Anaubonyeza, ndugu msikilizaji,
kama mnunuzi wa parachichi pale Mbuyuni:
bado, haujaiva,
beki anakuja, bado,
beki wa pili, bado haujaiva...*

Nani alisikia?
Kinyozi wa Pasua alikuwa anapiga redio kofi,
mteja kichwa nusu.
Mlinzi wa ghala la kahawa alipanda juu ya magunia
kuitafutia antena mbingu.
Na kule Nkwarungo, mama yake Kweka,
akijua ni betri tu, betri zimezoea,
alizitoa zote nne akazianika
juu ya ungo, kando ya maharage,
kwenye jua la mwezi wa sita, jua la kukopa.

*...sasa! Sasa umeiva!
Kipa anaruka anakamata ukungu!
Umelala wavuni, jamani, umelala
kama mtoto aliyekwisha ogeshwa,
msimwamshe, msimwamshe!*

Uwanja ulipasuka. Meza ilicheza.
Machozi yalikuwa yananitoka,
nami nimeshika waya usiokwenda popote.

Dakika ya sabini na nne taa ikarudi, bila kuomba radhi.
Mfinanga akafungua daftari, akakohoa:
"Kwa mnaojiunga nasi hivi punde, ni moja bila."
Kweka akamgeukia, macho pima:
wajiunge? Kwani walikuwa wapi?

Jioni tukikunja waya, simu yake ikalia.
"Betri zimenisaliti, mwanangu.
Lile goli. Hebu nirudishie."
Akasimama wima, akavuta pumzi, akaanza.
Akasema Ndosi. Akasema shuti.
Akasema wavu, akasema goli,
maneno ya gazeti la juzi lililofungia nyama.
Akanyamaza. Akafunika simu kwa kiganja.
"Aikande, wewe ulikuwepo. Nilisemaje?"

Sikumwambia kuhusu taa.
Siku moja nitamwambia, au Mfinanga atamwambia,
au hatutamwambia.
Nilinyoosha mkono nikaichukua simu,
mimi ambaye miaka sita hii
sauti yangu hewani ni moja, mbili, tatu, mnanisikia,
na hata hiyo ni kabla hawajafungua redio.

"Mama," nikasema, "shikamoo. Tuko dakika ya sabini na moja.
Ndosi anao. Haupigi. Anaubonyeza
kama parachichi la Mbuyuni.
Beki anakuja."

Kimya upande wa pili. Kuku. Mlango wa jiko.
Kisha, kwa sauti ya chini,
kama anayeogopa kumshtua beki:

"Bado haujaiva?"

"Bado, mama. Subiri."