Mfungua Kurasa

Miaka kumi na tisa niliketi kushoto kwake
juu ya kiti kisicholia. Nilikichagua mwenyewe,
nikakipaka nta kwenye viungo kila Jumamosi,
maana kiti kikilia katikati ya kipande cha polepole
ukumbi mzima wa Ruse hugeuka
kumtafuta mwenye hatia.

Kazi yangu: kidole kimoja na pembe ya karatasi.
Kusimama kabla ya mstari wa mwisho, kufunua, kuketi.
Kutopumulia mkono wake.
Kutovaa saa. Kutokula kitunguu.
Na kungoja ile ishara ya kidevu,
ndogo, kama ya mtu anayekubali bei sokoni
na hataki jirani asikie.

Zdravka Milusheva, binti wa fundi breki za treni.
Piano yao ya kwanza ilipanda ghorofa ya nne
mabegani mwa wanaume watano wa reli,
na mmoja wao mpaka leo hutembea kaenda upande.
Wiki nzima hakuna aliyeigusa.
Mama aliitandikia kitambaa, akaweka juu yake picha ya marehemu.

Nakumbuka baridi ile, mto Danubi umeganda kingoni,
serikali haina makaa, wasikilizaji wamevaa makoti
na makofi yao ni ya glavu, puf, puf,
kama mtu anayekung'uta mito ya kulalia.
Mfukoni nilibeba mayai mawili ya kuchemsha.
Aliyashika, moja kila kiganja, hadi kengele ya pili,
kisha akaenda kupiga.
Baadaye tuliyala nyuma ya pazia, bila chumvi.
Sijala tena yai tamu kama lile.

Halafu mzee Yordan, kiongozi wa okestra, akaanguka mazoezini.
Wakamwambia Zdravka: wewe unajua noti za kila mtu.
Akapanda jukwaani,
akakishika kijiti kama mgeni aliyepewa uma wa tatu mezani.
Boncho wa tarumbeta akacheka:
"Binti wa breki! Utatusimamisha."
Naye, bila kumtazama:
"Treni isiyo na breki, Boncho, haifiki stesheni.
Hupita tu."
Wakaanza upya. Mara ya sita, Boncho hakucheka.

Usiku ule alinikuta ngazini, nimebeba kiti changu.
Jasho lilikuwa limemlowesha mpaka kwenye viatu.
"Mikono yangu imefanya kazi saa mbili," alisema,
"na haijatoa sauti hata moja. Sauti zote ni za wengine.
Wewe uliwezaje, miaka yote hii?"
Hakuna aliyewahi kuniuliza.
Nilitaka kusema neno kubwa, nikakosa.
Nikasema: "Nahesabu.
Na mara nyingine, hapo pembeni,
najidanganya kwamba ni mimi ninayepiga."
Hakucheka. Alichukua mguu mmoja wa kiti
tukakishusha pamoja.

Wakamchukua. Trieste, Gothenburg, Lyon,
mabango yenye jina lake limekosewa herufi kwa namna nne.
Kadi zake zilikuwa fupi: *Fidla za pili wavivu.*
*Hapa piano ina joto, kama ng'ombe.*
*Nani anakula mayai yako?*

Mwaka huu amerudi, mvi kichwani, kwa usiku mmoja.
Nilinunua tiketi, safu ya kumi na moja.
Hakuwa na karatasi mbele yake, hata moja.
Kila kitu kichwani. Nilijiambia: vizuri,
ndivyo inavyopasa, na koo likanikaza.

Kipande cha polepole kikaanza.
Filimbi ikabaki peke yake, imeshika noti moja
nyembamba kama uzi dhidi ya dirisha,
naye, kabla fidla hazijaingia,
akashusha kidevu.

Nikasimama.

Ukumbi mzima umeketi, mimi nimesimama,
kidole kimenyooka kufunua hewa.
Mama mmoja nyuma akanong'ona: "Keti, mzee."
Fidla zikaingia.
Nikaketi.

Kiti kikalia.