Folio ya Arobaini na Moja

Barua imeingia masijala saa nne na robo,
wino wa muhuri bado unaacha alama kidoleni.
Nimeisoma kama nizisomavyo zote, kwa kazi, si kwa umbea:
Tulinagwe Mwasandube, Mpima Daraja la Pili,
unahamishwa mara moja
kwa manufaa ya umma.

Umma, nadhani, na mimi nimo.
Yumo na yule wa bodaboda pale Mtoni
anayenunua mafuta ya elfu tano, tano, siku nzima.
Hatukuulizwa.

Miezi saba. Nimehesabu kwa vidole, nikarudia kwa kalenda.
Kabla ya hapa Kibondo, miezi kumi na mmoja.
Kabla ya Kibondo, Masasi, msimu mmoja wa korosho.
Sahani zake huzifunga kwa magazeti ya mkoa anaouacha,
akizifungua anasoma habari zilizokwisha kuchacha.
Kodi kalipa ya miezi sita;
mwenye nyumba ni mcha Mungu, ila hela hairudi.
Mwanawe Ipyana kafundishwa hesabu za sehemu na walimu watatu,
hajafika nazo mwisho hata mara moja.

Alichokifanya tunakijua, mpaka mama wa chai anakijua.
Jumanne alibeba ndoo yake ya shaba, ile ya kipimo,
akaenda kituo cha mafuta Barabara ya Kilwa.
Mashine ikasema ishirini.
Ndoo ikasema kumi na tisa, na kijiko.
Akarudia.
Akarudia tena, meneja kamshikia soda iliyofunguliwa.
Soda ikapoa hewa.
Pampu namba tatu akaifunga kwa waya na lakiri ya risasi,
akaandika ripoti, kurasa mbili, herufi zimesimama wima.
Alhamisi, barua.

Kanuni ipo. Iko rafu ya juu, jalada la kijani, pembe zimeliwa na mende.
Nilipanda kiti nikaishusha.
Inasema mtumishi akae kituoni kwa muda, na muda umetajwa;
akiondolewa kabla, sababu iandikwe, aione, aweze kuipinga.
Maneno manyoofu. Aliyeyaandika alitujua.
Ila mstari wa mwisho kaacha gunia wazi, manufaa ya umma:
utatia mahindi, utatia paka,
na nje ni gunia tu.

Kilo ya sukari ina mlinzi.
Mita ya kitenge Kariakoo ina mlinzi.
Miezi ya mpimaji nani kaitia lakiri?

Mchana akashuka karani wa ghorofani,
mtu wangu, tumezikiana.
Akasema kwa upole, Mfaume, ile ripoti haina haja ya kukaa jaladani,
ilikuwa rasimu tu.
Nikamwambia, nimesikia.
Na kusikia, nilisikia.

Alipotoka nikachukua kalamu ya wino, nikaiacha penseli.
Ripoti: folio ya arobaini na moja.
Barua: folio ya arobaini na mbili.
Tarehe juu ya tarehe, siku mbili katikati, kila mwenye macho ataziona.
Nikatoboa, nikapitisha uzi,
nikafunga fundo la mama, la mzigo wa kuni.
Cheo cha kusema sina.
Nina kazi ya kupanga karatasi.

Jioni alikuja kuchukua nakala. Hakulia.
Aliuliza, kuripoti ni siku ngapi?
Kumi na nne.
Na rufaa?
Nikatazama feni.
Akacheka kwa pua: basi itanikuta njiani.
Ndoo aliipangusa kabla ya kuikabidhi. Nikaisainia.

Iko hapa mezani, inamngoja mpya.
Ukichungulia ndani kuna mstari mmoja mwembamba,
kauchora mtu asiye na haraka.

Leo asubuhi nimepita Barabara ya Kilwa.
Pampu namba tatu inauza,
foleni imefika barabarani.