Pete Kwenye Uzi

Barua ya Roma ilichukua miezi kumi na mmoja kufika:
meli, gari moshi, mtumbwi, kisha mbwa saba
na Mzee Narsisi akiwatukana kwa lugha tatu.
Padri Herve alikuwa anatumbua samaki.
Akafuta kisu pajani, akavunja lakiri,
akasoma, akarudia, akaketi juu ya gogo.
Kumbe tangu barafu ya mwaka jana ilipovunjika yeye ni askofu
na hakuna aliyemwambia!
Askofu aliyepasua kuni, askofu aliyechota maji,
askofu aliyegombana na mama yangu juu ya deni la sabuni.

Alikuja kwetu Mto Mkubwa na miaka ishirini na sita,
mwana wa mwezeka mapaa kutoka pwani ya Bretanya,
ulimi mzito kama kiatu kilicholowa.
Nyanya ndiye aliyemfundisha kusema. Alimcheka kwanza:
alitaka kutuambia Mungu yu pamoja nasi,
akasema Mungu ameikalia mitego yetu.

Siku moja akauliza: neema mwaiitaje ninyi?
Nyanya akatafuna mkia wa samaki, akatafuna,
akampeleka mtoni, theluji magotini,
akamwonyesha tundu kwenye barafu lisiloganda hata Januari,
maji yakipumua moshi.
"Hilo. Hatulichimbi sisi. Tunalikuta."
Akaandika. Ukurasa ule nimeuona, una doa la mafuta.

Pete ilikuja baadaye, pamoja na kofia iliyoliwa na panya.
Epifania tukapanga mstari nje ya kanisa,
baridi ya kupasua miti,
kila mtoto abusu.
Kaka yangu Zefirini, miaka sita, midomo mibichi:
dhahabu ikamnasa.
Askofu akavuta mkono kwa hofu
na kipande cha mdomo kikabaki juu ya jiwe la zambarau.
Tangu hapo, kila kipupwe, aliivaa shingoni
kwenye uzi wa ukano wa kulungu, chini ya fulana.
Watu wakasema, tazameni unyenyekevu.

Agosti ikaja mashua.
Shule ya masista, siku nne kuteremka mto.
Wajifunze kusoma, alisema, dunia inakuja na karatasi.
Kwa hilo hakukosea. Ilikuja, na karatasi.
Akatia sahihi watoto kumi na tisa.
Nyanya alisimama majini hadi kiunoni, hakupunga mkono.

Mwaka wa tatu wakarudi kumi na wawili.
Zefirini hakuwamo. Kifua, walisema.
Walisema pia alikuwa ameshalisahau
neno la tundu lile.

Watakaoandika kitabu cha jimbo watahesabu:
makanisa tisa, kamusi moja, vidole viwili vya mguu vilivyoliwa na baridi.
Waandike. Ni kweli yote.

Mwisho macho yake yaliingia ukungu, akaniita nimsomee.
Nikafungua Injili.
"Hapana, Bibiane. Daftari la mashua."
Nikasoma. Kila jina alilirudia kwa lugha yetu,
kwa lafudhi mbaya ileile ya mitego.
Nilipofika kwa Zefirini nikanyamaza. Naye akanyamaza.
Saa ya ukutani ikaendelea na kazi yake.
Kisha akasema,
"Nilidhani nachimba tundu."
Sikumjibu. Nilikoleza moto.

Alikufa Februari, ardhi chuma.
Wanaume waliwasha magogo siku tatu juu ya kaburi
ndipo sepetu zikaingia.
Pete niliikata shingoni nikampa katibu,
askofu mpya angeitaka. Uzi ninao mimi.
Nikamshonea viatu vya safari, ngozi laini,
maua ya shanga juu, ingawa nani atayaona.

Wakiniuliza kama nilimsamehe,
nawaambia kisigino cha kushoto nilikishona mara mbili.
Alikuwa na tabia ya kukichakaza.