Rekodi ya Tatu

Swabra kavuta kiti cha plastiki, kile chenye mguu uliofungwa waya,
akaniambia, "Babu, leo tunakunasa."
Utadhani mimi ni mwizi wa kuku.

Kompyuta ni yake, ya mtumba, kaipata Mwembe Tayari,
herufi ya M imefutika kwenye kibodi.
Mchezo ni wangu:
kreni, meli, makontena ya rangi za peremende,
na mimi niliyestaafu na mgongo uliopinda kama ndoana
nakaa tena kule juu
bila kupanda ngazi hata moja.

Anataka wenzake shuleni waone.
Hawaamini kwamba mzee wa Mikindani
hushusha kontena la futi arubaini
pasisikike mgongano.

Basi usiku, bando zikiwa rahisi, kapakua programu
(neno letu hilo la bandarini, kupakua,
sijui nani aliwapa ruhusa).
Dirisha jeusi, vitufe tele.
"Hapa unaiambia itazame nini:
skrini nzima, au mchezo peke yake.
Hapa sauti ya mchezo. Hapa maikrofoni.
Fremu thelathini kwa sekunde; ukiweka sitini mashine itakoroma."
Nikaitikia kwa kichwa, kama nilivyoitikia
siku walipotuletea kreni mpya
na mwalimu akaeleza yote kwa vidole.

Rekodi ya kwanza: giza.
Dakika kumi na mbili za giza totoro,
na ndani yake mlio wa winchi,
kama gati siku stima imekatika.
"Imerekodi dirisha lisilo lenyewe," Swabra akacheka.
Akabadilisha chanzo.

Ya pili: picha safi, ila bubu.
Kontena linashuka kama jani.
"Haina raha. Ni samaki kwenye chupa."
Akasogeza kijimstari, akaniambia niseme neno.
Nikasema moja, mbili.
Rangi ya kijani ikaruka kama mjusi.

Ya tatu ikatimia.
Makontena saba, upepo wa wastani. Sikuwaza kitu.
Vidole vilijua njia; mimi nilikuwa abiria.

Tukaketi kutazama.
Feni ikasikika, na mkokoteni wa muuza maji,
kisha sauti ya mtu, nzito, ya karibu:
"Taratibu, mama. Taratibu. Njoo. Njoo. Hapo."
"Nani huyo?" nikauliza.
"Ni wewe, babu."

Miaka thelathini na mmoja ndani ya kijumba cha kioo,
hakuna aliyenisikia,
na mimi sikujisikia.

La tano. La sita.
La saba, jekundu, likiyumba kidogo,
ile sauti ikapanda:
"Mwachiro, jitenge! Mwachiro, toka hapo!"

Gati la mchezo halina watu.
Waliolitengeneza hawakuchora hata mmoja:
hakuna kofia ya njano, hakuna kizibao cha kumetameta,
hakuna mkono ulioinuliwa kusema shusha.
Sakafu ya kijivu tu, na mistari.

Swabra akasimamisha.
Hakuuliza. Mtoto huyu ana adabu za nyanyake.
Alisema tu, "Tunaweza kukata hapo mwisho.
Au nizime maikrofoni, turudie."
Kishale kikatua juu ya neno Futa,
kikitetemeka.

Nje, muuza maji aligombana na mtu juu ya shilingi tano.
Nikamwambia, hifadhi.
"Niipe jina gani?"
Mashine ilikwisha kuipa lake: tarehe, saa,
dakika, sekunde, tarakimu tupu,
kama zile tulizoandika kwenye daftari la zamu
mimi na yeye, kila mmoja na kalamu yake.
Nikasema, iache hivyo hivyo.

Kisha nikamwomba anionyeshe tena
kile kitufe chekundu kiko wapi,
siku nyingine nikibonyeze mwenyewe.