Mitalawanda

Siku ya thamanini na tatu ya eda yangu,
sijashuka ngazi.
Mji nausikia tu, kama mtu aliyelala chumba cha pili.

Kabla ya adhana, kikohozi cha Maalim Haroub kwenye kipaza sauti,
mara mbili, kila siku mara mbili,
kisha ndiyo jina la Mungu.
Paka wa Kajificheni wananyamaza. Natawadha
kwa lile kopo lake la bati,
naswali kando ya kitanda, upande usiolaliwa.

Jua likipanda, Khelef huja na mkate wa mofa,
huubwaga juu ya ngazi, akakimbia.
Nani kamwambia macho ya mjane yanachoma?
Adhuhuri ni bizari inayokaangwa kwa Bi Time.
Alasiri ni vikombe vya muuza kahawa, chwa, chwa,
na wanaume barazani wakigombea bei ya karafuu wasizokuwa nazo
mpaka ikama iwainue.

Saa nimeigeuza uso ukutani. Sina haja nayo.

Mitalawanda yake niliitoa wakfu arubaini ilipokwisha.
"Iweke birikani," nilimwambia shemeji, "avae atakaye."
Ya mti wa mfenesi. Msuruaki wa kushoto umelegea:
miaka kumi namwambia autie kabari,
miaka kumi ananijibu, "Inshallah, Zuwena."

Sasa kila alfajiri, ng'ambo ya kichochoro,
sakafu ya msikiti inasema:
ko — ka. Ko — ka.
Wa kushoto unachelewa kidogo,
kama yeye alivyochelewa kwa kila kitu
isipokuwa swala.

Sijui ni miguu ya nani. Jana ilikuwa na haraka.
Leo mizito, ya mgeni labda,
au ya mzee mwenye baridi yabisi.
Thawabu wagawane wenyewe huko.
Mimi nangoja hatua saba tu,
kutoka mlangoni mpaka majini,
halafu maji,
halafu kimya cha watu wanaopanga safu.

Zimebaki siku arubaini na tano.
Nikitoka, majirani watadhani nakwenda sokoni.
Mkobani nimeficha kabari ya mti wa mkarafuu,
nimeichonga mwenyewe kwa kisu cha jikoni,
nyembamba, sawasawa na ule mwanya.

Bado sijajua kama nitaitia.